Nilivyomfumulia Mama Mchezo Wake

Mama alijifunza kucheza gemu akiwa edani. Zamani nilikuwa sithubutu kulisema jambo hili mbele ya watu, lakini wengi wa wale ambao wangetuhukumu wameshazikwa, na waliobaki wanashinda na simu mkononi kutwa nzima, kwa hivyo nalisema. Baba alikuwa amefariki. Mama yumo ndani ya nyumba yetu ya kijijini Kipungani, hatoki, miezi minne na siku kumi kama inavyotakiwa, na mimi nimemaliza kidato cha nne, nasubiri matokeo ambayo nilijua hayatamfurahisha mtu. Wanawake wenzake walimletea miyaa, yale majani makavu ya kusukia, asuke ukili, utepe wa kushonea mikeka, ili mawazo yapungue. Alisuka pima mbili akaacha. Alisema kusuka kunampa nafasi ya kuwaza, na kuwaza ndiko alikokuwa akikukimbia.

Kwenye chumba cha kaka yangu, ambaye alikuwa ameshahamia Mombasa kutafuta kazi, kulikuwa na televisheni yenye kisogo na mashine ya gemu aliyoinunua mkono wa pili. Ilikuwa ya kijivu, imeliwa na hewa ya chumvi, haisomi sidii mpaka uilaze kifudifudi. Umeme wetu ulitoka kwenye betri ya sola, betri ikiisha mchezo nao umeisha. Nilikuwa nikicheza mchana, mlango nimeurudisha, sauti nimeiua. Siku moja nikageuka nikamkuta Mama amesimama nyuma yangu, anatazama.

Gemu yenyewe ilikuwa ya vigae. Vinaanguka kutoka juu kimoja kimoja, kila kimoja na umbo lake, na kazi yako ni kuvipanga chini visiache tundu. Kidole gumba cha kushoto kinasogeza kigae, gumba la kulia linakigeuza. Ukijaza safu nzima, safu inapotea. Ukiacha matundu, vigae vinapandana mpaka vinafika juu, na hapo umeshindwa.

"Mtezo gani huu," Mama akasema, "ukifanya kazi yako vyema yafutwa?"

"Ndiyo raha yake, Mama."

"Hebu nipa."

Nikampa padi ya kubonyezea huku nikimcheka moyoni. Baada ya wiki moja hakuna aliyekuwa akicheka. Mwanamke aliyesuka ukili tangu hajavunja ungo ana vidole vinavyofikiri vyenyewe, na jicho lake linaona tundu kabla halijawa tundu. Mimi nilikuwa nikipata safu thelathini, najiona bingwa. Yeye alipita mia. Alikaa kitako kwenye mkeka, mgongo umenyooka, midomo imefumbwa, na kwa mara ya kwanza tangu mazishi uso wake ulikuwa umetulia. Ningempa mashine hiyo hata kama ingekuwa ya jirani.

Kuna siku alishtuka akanituma kwa mwalimu wa madrasa nikaulize kama mjane ana ruhusa. Nilitoka, nikazunguka nyuma ya msikiti, nikakaa chini ya kivuli cha ukuta kiasi cha mtu kwenda na kurudi, kisha nikamwambia mwalimu amesema hakuna ubaya mradi asipitwe na sala. Sikuuliza mtu. Hivyo ndivyo nilivyo, na nilikuwa hivyo kabla ya haya yote: mambo ya Mama nilipenda kuyanyoosha kimyakimya, halafu nikakaa kama sikugusa kitu.

Tukisikia hodi, alikuwa akiifunika padi kwa leso na mikono yake ndani yake. Bibi mmoja aliyekuja kumtazama aliona vidole vikicheza chini ya leso, akatoka nje akimsifu mjane yule kwa watu, kwamba hajawahi kuona mtu mwenye kuvuta tasbihi kama yeye. Mama alicheka mpaka machozi yakamtoka, kisha yakawa machozi ya kweli. Nilikaa naye mpaka yalipokwisha.

Eda iliisha, akarudi kwenye ukili wake, na gemu ikabaki kuwa kitu chetu cha siri cha baada ya chakula cha mchana. Miaka ikapita hivyo. Mashine ikafa kwa kutu, tukaipangusa, tukaiomba, tukailaza kila upande, haikuamka. Mimi nikaolewa mjini, Wiyoni, nikaachwa Wiyoni, nikabaki Wiyoni nikifundisha watoto wa chekechea, maana kurudi Kipungani na begi kichwani sikutaka. Mama alibaki kule, anasuka, na mikeka yake ilijulikana. Mtu akiona mkeka wake alisema huu ni wa fulani bila kuambiwa, kwa sababu ukingo wake ulikuwa umenyooka kama uliopigwa rula.

Mwaka jana, asubuhi moja, ukili ulimponyoka. Walioketi naye wanasema aliuokota, ukamponyoka tena, akauangalia mkono wake wa kulia kwa hasira kama mtu anayeangalia mtoto mkaidi, halafu akaanguka upande. Walimleta kwa boti. Nilimpokea gatini mdomo umekwenda upande. Daktari akasema ni kiharusi.

Alipotoka hospitali nilimleta kwangu. Ulimi ulirudi baada ya wiki chache, maneno polepole lakini yenye akili zake zote. Mguu nao ukaamka kidogo, akaweza kusimama akishikwa. Mkono wa kulia ndio uliokataa. Na jicho lake upande huo lilikuwa zito, kitu kikitokea kulia alikuwa akichelewa kukiona.

Tulipata binti wa mazoezi ya viungo, mtu wa bara, mpole, mchapakazi, akija nyumbani mara tatu kwa wiki. Mama alimwita binti wa mikono. Siku ya kwanza alinivuta barazani akasema, "Dada, wacha nikuambie ukweli. Hii miezi ya kwanza ndiyo kila kitu. Mathe asipoutumia huu mkono saa hii, utajikunja, na ukishajikunja hakuna mtu ataufungua. Lazima autumie kila siku, hata kidogo. Kila siku."

Nikaelewa. Mkono ule ulikuwa wa kusukia, na bila kusuka sikujua Mama angekuwa nani. Nafikiri naye hakujua.

Shida ni kwamba mazoezi yenyewe aliyadharau. Alipewa mpira laini wa kuminya, akautupa chini ya kitanda. Akapewa vibanio vya nguo avibane na kuvibandua kwenye ukingo wa bakuli. Akaviangalia, akamwangalia yule binti, akasema, "Mimi si mwana mtanga," kwamba yeye si mtoto mchanga. Nikamletea miyaa nikidhani nimepata dawa. Alishika chane mbili za miyaa, akajaribu kuzipishanisha, zikamkataa, akaziweka chini taratibu, akaniambia nisimletee tena. Ukili mbovu hatausuka. Nilipandwa na hasira nikamwambia basi na ukauke huo mkono, mimi nimechoka. Nilikwenda kulia chooni kwa sababu ndicho chumba pekee chenye komeo.

Kaka yangu alikuja Idi na sanduku. Ndani yake mashine ya gemu mpya, nyeupe, ndefu, haina hata mlio. Nilitaka kumtukana. Mama hawezi kujifunga leso, wewe unaleta gemu? Akasema nisubiri. Mashine hizi za sasa, akasema, zina gemu za kizazi cha kale ndani yake, unazishusha kwa mtandao, zile zile tulizochezea kwenye sidii. Alihangaika na bando la simu tangu adhuhuri mpaka alasiri, akishusha na kukatika, akishusha na kukatika. Kisha ule muziki ukalia sebuleni kwangu, muziki wa vigae, na Mama, aliyekuwa amelazwa anatazama dari, akageuza kichwa.

Tulimkalisha, tukampa mito. Picha ilikuwa ndogo katikati ya televisheni pana, na huku na huku pamebaki weusi mtupu.

"Mbona wameitia buibui?" akauliza.

Kaka akacheka, nikacheka, hata yeye upande mmoja wa mdomo ukacheka. Kaka akamweleza kwamba gemu za zamani zilitengenezwa kwa televisheni za zamani, kwa hivyo kwenye mpya hazijai. Rangi zilikuwa kali kuliko tulizozoea, vigae vina kona kali, kama vimeoshwa. Mama akauliza alama zake ziko wapi. Zilikuwa kwenye memori kadi ya mashine ya kijivu, na kadi ile bado nilikuwa nayo kwenye kopo la vifungo. Kaka aliichukua, akaizungusha mashine mpya pande zote akitafuta pa kuichomeka. Hapakuwa na pahali.

"Wata," Mama akasema, kwamba aiache. "Tuanze upya."

Tukaiweka padi juu ya mto mapajani mwake. Binti wa mikono alipokuja akaifurahia fikra hiyo kuliko sisi. Akashona kitambaa cha kuushikilia mkono wa kulia usiteleze, akaliweka gumba juu ya kitufe, akasema hilo ndilo zoezi, gumba likigeuza kigae kimoja tu ameshinda siku. Tukawa tunacheza kila siku baina ya alasiri na magharibi, nikisharudi shule.

Sasa niseme alivyokuwa akicheza. Gumba la kushoto lilikuwa zima, likikipeleka kigae popote. La kulia lilichelewa. Kigae kinashuka kimelala ilhali kilitakiwa kisimame, unaona uso wake wote ukisukuma, mshipa wa shingo umetoka, na gumba linabonyeza wakati kigae kimeshakaa. Linageuza kinachofuata, ambacho hakikutaka kugeuzwa.

"Mashine yenu nzito hini," alikuwa akisema. "Ile yangu ilikuwa nyepesi."

Nilimwambia ni kweli. Na ilikuwa kweli kidogo. Nilijaribu mwenyewe alipolala nikaona baina ya kubonyeza na kuona kuna kuchelewa, kadogo sana, gemu ya kale kwenye mashine mpya na televisheni bapa haina ule wepesi wa zamani. Lakini kuchelewa kwa mashine kulikuwa kama kupepesa jicho. Kuchelewa kwa Mama ungeweza kusema bismillahi yote. Nilijua hivyo na niliendelea kuilaumu mashine.

Akishindwa, aliisha. Nasema aliisha kwa sababu sina neno jingine. Vigae vikifika juu, uso wake ulifunga, akaomba alazwe, na siku ya pili haguswi wala haambiwi. Siku mbili, tatu, mkono uko juu ya mto kama kitu kilichosahauliwa na mgeni. Ukimtajia padi anafumba macho. Na mimi kichwani nasikia sauti ya yule binti: kila siku, dada, kila siku. Nilikuwa nikihesabu siku zilizopotea na kuona zinavyopita, moyo unanienda mbio darasani huku watoto wananiimbia alfabeti.

Kisha nikakigundua kile kitufe. Nilikuwa napangusa padi, nikabonyeza pahali, kwenye kioo ukatokea mkanda wa vipicha vidogo chini ya mchezo. Nikabonyeza tena, vigae vikaanza kuruka kurudi juu vilikotoka. Safu zilizopotea zikarudi, makosa yakatoka moja moja. Kumbe mashine mpya inapocheza gemu ya kale inakuruhusu kurudisha nyuma, dakika kadhaa, ukaanza tena pale kabla hujakosea. Ile yetu ya kijivu haikuwa na huruma hiyo. Nilicheka peke yangu kama mwehu.

Siku iliyofuata nikaanza. Mama alikuwa akichoka upesi, kila baada ya muda kidogo anaomba asimamishe anywe maji au anyooshwe mgongo. Nilikuwa nikimwekea gilasi mdomoni kwa mkono mmoja, naye hunywa macho ameyafumba kwa sababu ya shida ya kumeza, na kwa mkono mwingine naichukua padi, narudisha nyuma. Sirudishi sana. Natoa kigae kimoja kilichokaa vibaya, mara nyingine viwili, napanga mimi kama ambavyo yeye angepanga, namrudishia. Akifungua macho anakuta rundo limepungua kidogo. Anaendelea. Anafika safu ishirini. Anafika thelathini. Hashindwi, maana kila akikaribia kushindwa mimi namletea maji.

Nilijiambia sifanyi baya. Nimekulia kwenye nyumba ya ukili, nami nimeona maisha yangu yote ukili ukifumuliwa. Umekosea mapishano, unafumua mpaka kwenye kosa, unasuka tena, hakuna aibu. Mama mwenyewe alikuwa akifumua nusu siku ya kazi kwa chane moja iliyopinda. Nami nafumua tu, nikasema. Nilijisifu kwa akili hiyo.

Na ilifanya kazi, au nilidhani inafanya. Mama alikuwa akicheza kila siku. Alikuwa anakula. Jioni moja alisema, "Afadhali yeo," yaani leo, na mimi nikaenda kusimama jikoni nikishikilia meza kwa furaha. Binti wa mikono alikuwa ameniachia daftari niandike kila siku amefika safu ngapi, naye akija anasoma. Ishirini na mbili. Thelathini. Thelathini na sita. Alishangaa kwamba akiushika mkono anauona bado mzito, vidole bado vinavuta ndani, lakini daftari linasema mengine, na akasema viungo vina mambo yake, pengine mkono wa gemu na mkono wa mazoezi si mmoja.

"Mathe anaendelea poa sana," akaniambia barazani. "Mimi nina wagonjwa wengine mpaka Ndau huko, kufika ni siku nzima. Nikija mara moja kwa wiki sasa, mtaweza?"

Hapo palikuwa na nafasi ya kusema. Ilikuwa nafasi pana, mtu angepita na kitanda. Nilisema tutaweza, nikaingia ndani kumtilia chai.

Wiki saba zilipita hivyo.

Siku yenyewe ilikuwa Alhamisi, najua kwa sababu nilikuwa nimechoma ubani kwa ajili ya usiku wa Ijumaa. Moshi ulikuwa mwingi sebuleni. Mama aliomba maji. Nikamnywesha, nikarudisha, nikapanga, nikamrudishia padi. Hakuishika.

"Kiko wapi kile kirefu?" akauliza.

"Kipi, Mama?"

"Kirefu. Nalikiwata kimelala kule kushoto, kimeziba tundu mbili. Kiko wapi?"

Nilisema pengine ameshakiondoa na safu. Aliniangalia. Upande wa kulia wa uso wake haukuwa na kitu, lakini ule wa kushoto ulikuwa uso wa mama aliyenilea.

"Mimi nasuka tangu sina meno ya ukubwa. Wadhani siyui nimeika nini na wapi?"

Nikamweleza. Nilieleza haraka haraka, kwamba ni mashine yenyewe inaruhusu, kwamba ni kama kufumua ukili, Mama, wewe mwenyewe wafumua, nimefumua tu penye kosa. Kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyojisikia mdogo.

"Ukili huufumua mwenyewe," akasema. "Huyapata kuniona nafumua wa mtu."

"Kuna ubaya gani?"

Akanieleza jambo ambalo miaka yote ya kukaa kwenye mkeka mmoja naye sikuwahi kulisikia. Bibi yangu, mamake, alipozeeka mkono ulianza kumpotea, ukili wake ukawa unapinda. Mama na dada zake walikuwa na oda ya mikeka ya harusi, na mkeka mmoja uliopinda ungewaharibia jina. Basi kila bibi akienda kusali, wao walikuwa wakiufumua ukili wake na kuusuka upya, kisha wanauviringisha kama alivyouacha. Kipungani kote hufanywa hivyo, Mama akasema, binti hufumulia mamake, na hakuna anayesema. Siku moja bibi alirudi mapema kuchukua mswaki wake, akawakuta. Hakugomba. Aliketi pahali pake, akaikusanya miyaa yake, akaigawa, kila binti fungu lake.

"Hakusuka tena?"

"Asuke nini?" Mama akasema. "Alikuwa ameshayua."

Nikamwomba msamaha. Nilishika miguu yake. Akasema amenisamehe, na najua alinisamehe, maana alinitaka radhi yeye pia kwa kunifokea, na hakuwa amenifokea. Nikamwambia tucheze sasa hivi, sitagusa, naapa. Tukishindwa tushindwe.

"Niwate nishindwe mwenyewe," akasema. "Lakini si yeo. Nimekwisha yeo."

Hakucheza kesho yake wala kesho kutwa. Siku ya tano nilimpigia simu binti wa mikono nikamwambia kila kitu, gilasi za maji, kitufe, daftari. Alikuja siku ile ile, siku isiyo yake. Hakunigombeza. Ningependa angenigombeza. Aliushika mkono wa Mama, akajaribu kuvifungua vidole, akafungua viwili, cha tatu Mama akauma meno.

Akaniuliza kwa sauti ya chini, "Ulikuwa unaona vile vinaingia ndani?"

Nilikuwa naona. Kila siku nilikuwa nikiliweka gumba juu ya kitufe mimi mwenyewe, na kila siku lilikuwa gumu zaidi kuliweka.

Basi akamgeukia Mama, akamwomba kwa adabu acheze mara moja tu, mbele yake, aone mkono ulipofika ndipo ajue pa kuanzia. Nilidhani Mama atakataa. Alikubali. Nikawasha mashine, nikamwekea padi, nikafunga kitambaa, kisha nikaenda kukaa mbali kwenye kiti cha mlangoni, mikono yangu nimeikalia.

Muziki ukaanza. Kigae cha kwanza kikashuka katikati kikakaa. Cha pili kikashuka juu yake. Cha tatu. Hakuna kilichosogea, hakuna kilichogeuka. Vilikuwa vikipandana katikati ya kioo, mnara mwembamba, huku na huku patupu. Nikafikiri, Mama amesusa. Amekubali ili anitie adabu mbele ya mgeni, ameviacha vianguke kwa makusudi. Niliona hata hasira ikinipanda, nikataka kusema Mama, usifanye hivyo.

Kisha nikaangalia mikono badala ya kioo. Gumba la kushoto lilikuwa limetulia juu ya kitufe chake, halifanyi kitu; alikuwa ameliweka kando kwa hiari yake, kama mtu anayemwambia mwenzake subiri kwanza. La kulia lilikuwa likitetemeka. Lilikuwa limebonyeza kwa nguvu zake zote tangu kigae cha kwanza, kucha imekuwa nyeupe, jasho linamtiririka Mama mpaka kwenye nyusi, na kitufe hakikuwa kikishuka. Kila kigae alikuwa akijaribu. Kila kimoja.

Vigae vikafika juu. Haukuchukua hata dakika moja, ule mchezo.

Mama alipumua. Hakuniangalia mimi. Alimwambia yule binti, polepole, kila neno limenyooka:

"Huu ndio mkono wangu. Ule wa daftarini ni wa mwanangu."

Binti wa mikono alilifungua lile daftari, akalifunga bila kuandika. Siku hizi huja mara tatu tena, hamlaumu mtu, anafanya kazi yake. Mimi asubuhi kabla ya kwenda shule huvifungua vidole vya Mama kimoja kimoja nimpanguse kiganja, kwa sababu kisipopanguswa kinatoa harufu. Nikishasuuza kitambaa na kugeuka, vimeshafunga.